MAPINDUZI YA UFARANSA NA SUALA LA NANI ASHIKE HATAMU

Katika madarasa ya siasa kuna swali linaloulizwa na wanakozi karibu kila mwaka: "Ikiwa umma wa Ufaransa uliuangusha ufalme mwaka 1792, ilikuwaje mwaka 1804, miaka 12 tu baadaye, nchi hiyo hiyo ikapata mtu wa kujivika taji la Kaisari?" Swali hilo ni zuri, wala halijibiwi kwa kusema kwamba Napoleon Bonaparte alikuwa na tamaa ya madaraka. Watu wenye tamaa wako katika kila nchi na katika kila wakati. Jambo la kulitafuta ni ile hali iliyoifanya tamaa ya mtu mmoja iweze kutimia mbele ya umma uliokwisha kuonyesha kwamba unaweza kumwondoa mfalme.

Ziko njia mbili potofu za kuyaeleza Mapinduzi ya Ufaransa. Ya kwanza husema kwamba yaliletwa na vitabu vya wanafalsafa. Ya pili husema kwamba yalikuwa ghasia za makabwela wenye njaa, wasiojua walitakalo. Njia zote mbili zinamficha mkulima na mfanyakazi: ya kwanza haimwoni kabisa, na ya pili inamwona kama mnyama. Sisi tutafuata mwendo wa mambo hatua kwa hatua, na katika kila hatua tutauliza maswali mawili. Nani alitoa nguvu? Na nani alitoa uamuzi?

MISINGI YA UFALME

Mwaka 1789 Ufaransa ilikuwa na watu wapatao milioni 28, na katika kila watu kumi, kiasi cha wanane walikuwa wakulima. Kwa sheria watu hao wote waligawanywa katika madaraja matatu. Daraja la Kwanza lilikuwa la mapadri na watawa. Kanisa lilimiliki kiasi cha sehemu moja ya kumi ya ardhi, na halikutozwa kodi ya kawaida. Lilitoa tu mchango ambao lenyewe liliupanga. Daraja la Pili lilikuwa la makabaila, ambao hawakufika hata watu wawili katika kila mia, lakini walishikilia kiasi cha robo ya ardhi, pamoja na karibu vyeo vyote vikubwa vya jeshi na serikali. Daraja la Tatu lilikuwa la watu wengine wote waliobaki.

Hapa kada hana budi kuwa mwangalifu. Daraja si tabaka. Ndani ya Daraja la Tatu alikuwamo mfanyabiashara wa Bordeaux aliyetajirika kwa sukari na watumwa, na humo humo alikuwamo mchukuzi aliyembebea mizigo bandarini. Alikuwamo wakili, na alikuwamo kibarua asiyekuwa na hata shamba la viazi. Wote walidharauliwa na makabaila, na kwa sababu hiyo waliweza kuungana dhidi yao. Lakini umoja unaotokana na adui mmoja hudumu kwa muda ule tu adui huyo anapokuwapo.

Mzigo wa nchi aliubeba mkulima. Alimlipa mfalme kodi ya ardhi na kodi ya chumvi. Alilipa zaka kwa Kanisa. Alimlipa kabaila fungu la mavuno, na mahali pengi alilazimika kusaga nafaka kwenye kinu cha kabaila na kuoka mkate kwenye tanuri la kabaila, kwa malipo. Kabaila peke yake ndiye aliyekuwa na haki ya kuwinda na kufuga njiwa, na njiwa hao waliposhuka shambani kula mbegu mkulima hakuruhusiwa kuwaua.

Utawala huo uliingia katika matatizo kwa sababu ya madeni. Kuisaidia Marekani katika vita vya uhuru dhidi ya Uingereza kuligharimu zaidi ya livre bilioni moja, na kufika mwaka 1788 kiasi cha nusu ya matumizi ya serikali kilikwenda kulipia madeni. Mfalme Louis wa 16 alipojaribu mwaka 1787 kuwatoza kodi wenye mali wote, makabaila walikataa. Basi wa kwanza kumgomea mfalme walikuwa wale wale aliowalinda, nao waligoma ili kulinda mirija yao. Mfalme akalazimika kuliita Baraza Kuu la Madaraja, ambalo halikuwa limekutana tangu mwaka 1614.

Wakati huo huo njaa ilikuwa inabisha hodi. Tarehe 13 Julai 1788 mvua kubwa ya mawe iliharibu mashamba mengi, mavuno yakawa mabaya, na kipupwe kilichofuata kikawa kikali mno. Mkate wa ratili nne, ambao mjini Paris uliuzwa kwa sou 8 au 9, ulifika sou 14 na nusu mwezi Februari 1789. Kibarua alipata sou 20 hadi 30 kwa siku. Mtu mzima aliyeishi kwa mkate aliweza kula ratili mbili au zaidi kwa siku. Msomaji anaweza kujifanyia hesabu mwenyewe ni kiasi gani kilichobaki kwa kodi ya chumba, kuni, nguo na mshumaa.

MWAKA 1789: NGUVU YA UMMA

Baraza Kuu lilifunguliwa Versailles tarehe 5 Mei 1789. Daraja la Tatu lilikuwa na wajumbe wapatao 600, idadi iliyokaribia jumla ya madaraja mengine mawili. Lakini utaratibu wa zamani ulitaka kila daraja lipige kura moja, na kwa utaratibu huo wengi wangeshindwa daima kwa kura mbili dhidi ya moja. Wajumbe wa Daraja la Tatu walikataa. Tarehe 17 Juni walijitangaza kuwa Bunge la Taifa, na tarehe 20 Juni wakaapa kwamba hawatatawanyika mpaka nchi ipate katiba. Hao hawakuwa wakulima wala mafundi. Wengi wao walikuwa mawakili na maofisa wa serikali.

Mfalme alijibu kwa kukusanya majeshi kuizunguka Paris, na tarehe 11 Julai akamfukuza waziri wake Necker. Bunge lilikuwa na hotuba nzuri lakini halikuwa na bunduki. Lililoliokoa ni umma wa Paris. Asubuhi ya tarehe 14 Julai watu walichukua bunduki zipatazo 30,000 kutoka jengo la Invalides, kisha wakaenda kwenye ngome ya Bastille kutafuta baruti. Ngome hiyo ilikuwa na wafungwa saba tu, lakini mizinga yake ilielekezwa kwenye mitaa ya wafanyakazi. Karibu washambuliaji 100 walikufa kabla ngome haijasalimu amri. Orodha ya waliotambuliwa baadaye kuwa washindi wa Bastille imebaki, na inaonyesha kwamba wengi walikuwa maseremala, mafundi wa kufuli, washona viatu na wenye vijiduka, hasa kutoka mtaa wa Saint-Antoine.

Vijijini nako moto uliwaka. Katika mwezi wa Julai na mwanzo wa Agosti wakulima walivamia majumba ya makabaila, na mahali pengi walichokitafuta kwanza ni daftari za ushuru. Walizichoma. Mtu anayechoma daftari za deni lake anajua vizuri anachokifanya, na jambo hilo peke yake linatosha kuwajibu wanaosema kwamba umma ulikuwa kundi lisilo na fikira.

Usiku wa tarehe 4 Agosti Bunge lilitangaza kwamba linaufuta ukabaila. Vitabu vingi vinausifu usiku huo. Lakini amri zilipoandikwa katika siku zilizofuata, ilionekana kwamba ushuru mwingi uliohusu ardhi haukufutwa. Mkulima alitakiwa aununue. Mwaka 1790 bei iliwekwa: mara 20 ya ushuru wa mwaka kama ulilipwa kwa fedha, na mara 25 kama ulilipwa kwa mazao. Mkulima wa kawaida asingeweza kupata fedha kama hizo. Wakulima hawakununua wala hawakulipa. Waligoma, na kila walipolazimishwa waliinuka tena. Ushuru huo ulifutwa bila fidia tarehe 17 Julai 1793. Kati ya tamko na tendo ilipita miaka minne, na miaka hiyo ilijazwa na mapambano ya wakulima wenyewe.

Akina mama pia walifanya kazi yao. Tarehe 5 Oktoba 1789 maelfu ya wanawake wa Paris, wengi wao wauzaji wa sokoni, walitembea kwenye mvua mpaka Versailles kudai mkate. Kesho yake mfalme na familia yake walirudishwa Paris chini ya macho ya umma, na Bunge likawafuata.

MABEPARI WAJENGA UA WAO

Tarehe 26 Agosti 1789 Bunge lilipitisha Tamko la Haki za Binadamu na za Raia. Tamko hilo lilikuwa hatua kubwa katika historia. Lilisema kwamba watu huzaliwa huru na sawa, na kwamba mamlaka yote yanatokana na taifa. Humo humo likasema kwamba mali ni haki takatifu isiyoguswa. Katika miaka miwili iliyofuata ikawa wazi ni kifungu kipi kitakachotekelezwa kwanza.

Mwezi Desemba 1789 raia waligawanywa mafungu mawili. Mwanamume aliyelipa kodi inayolingana na ujira wa siku tatu aliitwa raia mtendaji, naye alipiga kura. Waliobaki waliitwa raia wasio watendaji, na hawakupiga kura. Watendaji walikuwa kiasi cha milioni 4.3. Wanawake hawakuhesabiwa kabisa, hata wale walioleta mfalme kutoka Versailles. Wakili mmoja wa Arras, Maximilien Robespierre, alipinga sheria hiyo ndani ya Bunge, lakini alikuwa miongoni mwa wachache. Wengi waliokufa Bastille wasingepata kura kwa kipimo hicho.

Mali ya Kanisa ilitaifishwa tarehe 2 Novemba 1789. Jambo hilo lilikuwa la haki. Lakini ardhi hiyo iliuzwa kwa mnada, na katika mnada hushinda mwenye fedha. Wakulima matajiri walipata sehemu, mabepari wa mjini wakapata sehemu kubwa, na kibarua wa shamba akabaki kibarua. Kilichobadilika ni jina la bwana. Kisha tarehe 14 Juni 1791 ikapitishwa sheria ya Le Chapelier, iliyokataza wafanyakazi kuunda vyama na kugoma. Walioipitisha walisema wanalinda uhuru wa kila mtu kupatana bei ya kazi yake. Ufaransa ilibadilisha tawala nyingi baada ya hapo, jamhuri na falme, lakini mgomo haukuruhusiwa mpaka mwaka 1864, na vyama vya wafanyakazi mpaka mwaka 1884. Kila aliyeshika serikali katika miaka hiyo aliiona sheria hiyo kuwa na faida kwake.

Mwezi huo huo wa Juni mfalme alijaribu kutoroka kwenda kujiunga na maadui wa mapinduzi. Alitambuliwa na msimamizi wa kituo cha posta, akakamatwa Varennes na kurudishwa. Viongozi wa Bunge, waliouogopa umma kuliko walivyomwogopa mfalme, walitunga hadithi kwamba alikuwa ametekwa nyara. Tarehe 17 Julai 1791 wananchi walikusanyika kwenye uwanja wa Champ de Mars kutia sahihi maombi ya kumwondoa. Mgambo wa Taifa, chini ya Lafayette, waliwapiga risasi na kuua watu kadhaa. Miaka miwili na siku tatu baada ya Bastille, bunduki za mapinduzi ziliwageukia waliozileta.

UFALME WAANGUKA

Mwezi Aprili 1792 Ufaransa ilitangaza vita dhidi ya Austria, na Prussia ikaingia upande wa Austria. Mfalme aliitaka vita hiyo kwa sababu alitumaini kwamba majeshi ya kigeni yatamrudishia enzi yake. Wagirondini, wanasiasa walioungwa mkono na wafanyabiashara wakubwa wa bandari, waliitaka kwa matumaini yao wenyewe. Robespierre aliwaonya kwamba hakuna watu wanaowapenda wamisionari wenye silaha. Hawakumsikiliza. Majeshi yalipoanza kushindwa, kamanda wa adui, Duke wa Brunswick, alitishia kuiangamiza Paris kama familia ya mfalme itaguswa.

Paris wakati huo iligawanywa katika mitaa 48, na kila mtaa ulikuwa na mkutano wake wa wakazi. Mikutano hiyo ilikuwa shule ya siasa na chombo cha madaraka. Katika kiangazi cha mwaka 1792 mitaa ilianza kuwapokea raia wasio watendaji bila kungoja sheria. Usiku wa kuamkia tarehe 10 Agosti wajumbe wa mitaa waliunda Halmashauri mpya ya Jiji, na asubuhi wananchi wenye silaha, pamoja na askari wa kujitolea waliotoka Marseille na Brittany, waliivamia ikulu ya Tuileries. Mamia ya watu walikufa pande zote mbili. Ufalme uliokuwa na umri wa zaidi ya miaka elfu moja ulianguka asubuhi ile. Mwezi uliofuata, kwa hofu ya adui aliyekaribia, makundi ya watu yaliwaua zaidi ya wafungwa elfu moja katika magereza ya Paris. Hilo nalo ni sehemu ya historia, na hakuna faida ya kulificha.

Bunge jipya, Konvensheni, lilichaguliwa kwa kura za karibu wanaume wote watu wazima. Tarehe 20 Septemba 1792 jeshi la wananchi liliwasimamisha Waprussia huko Valmy, na kesho yake Konvensheni ikaufuta ufalme. Barua za siri zilizogunduliwa katika kabati la chuma ikuluni zilithibitisha kwamba mfalme alikuwa akishirikiana na wapinga mapinduzi. Alihukumiwa na kuuawa tarehe 21 Januari 1793.

MUUNGANO WA MWAKA 1793 NA KUVUNJIKA KWAKE

Mwaka 1793 Jamhuri ilizingirwa. Uingereza, Hispania na Uholanzi ziliingia vitani. Katika mkoa wa Vendée wakulima waliinuka chini ya makabaila na mapadri, kwa sababu mapinduzi yaliwadai vijana wao kwenda vitani na hawakuona kuwa yamewapa ardhi. Wagirondini walishindwa kuongoza vita waliyoianzisha, na walikataa kudhibiti bei. Kati ya tarehe 31 Mei na 2 Juni wananchi wa mitaa waliizingira Konvensheni na kulazimisha viongozi wa Wagirondini wakamatwe. Madaraka yakawa mikononi mwa Wajakobini, na serikali ikaongozwa na Kamati ya Usalama wa Umma.

Huo ndio muungano uliookoa mapinduzi: upande mmoja Wajakobini, watu wa tabaka la kati wenye msimamo, na upande wa pili wavujajasho wa Paris walioitwa sans-culottes, yaani wasiovaa suruali fupi za mabwana. Muungano huo ulitenda mengi kwa muda mfupi. Ushuru wa kikabaila ulifutwa bila fidia. Wananchi wote waliitwa kulinda nchi kwa amri ya tarehe 23 Agosti. Tarehe 5 Septemba wavujajasho waliizunguka Konvensheni, na tarehe 29 Septemba ikapitishwa sheria ya kuweka kikomo cha bei za vyakula na bidhaa muhimu. Jeshi lilifikia askari kiasi cha laki saba na nusu, na kufika mwezi Juni 1794 adui alikuwa amerudishwa nyuma.

Lakini ndani ya muungano huo kulikuwa na migongano ambayo haikutatuliwa. Mfanyakazi wa mjini alitaka mkate wa bei nafuu. Mkulima alitaka bei nzuri ya ngano yake. Serikali ilipotuma watu wenye silaha kuchukua nafaka vijijini, mji ulishiba kidogo na kijiji kikakasirika. Hapakuwa na mtu aliyekaa na mkulima kumweleza na kupatana naye. Aidha, sheria iliyodhibiti bei ilidhibiti na mishahara, na Wajakobini, ambao nao waliiheshimu mali ya mtu binafsi, hawakuifuta sheria ya Le Chapelier.

Mgongano mkubwa zaidi ulihusu madaraka. Viongozi waliopandishwa na mitaa walianza kuiogopa mitaa. Padri Jacques Roux, aliyewasemea maskini na kudai walanguzi waadhibiwe, alikamatwa mwezi Septemba 1793, akajiua kifungoni mwezi Februari 1794. Mikutano ya mitaa ilipunguzwa. Mwezi Oktoba 1793 vyama vya wanawake vilipigwa marufuku. Mwezi Machi 1794 Hébert na wenzake, waliokuwa na wafuasi wengi miongoni mwa wavujajasho, waliuawa kwa gilotini. Mwanzoni mwa Aprili akafuata Danton. Vyama vya siasa vya mitaa vikalazimishwa kujifunga. Waliokuwa wakichaguliwa na wananchi katika Halmashauri ya Jiji wakawa wanateuliwa kutoka juu.

Katika kipindi chote cha Ugaidi, mahakama zilitoa hukumu za kifo zipatazo 17,000, na wengi wa waliouawa hawakuwa makabaila. Walikuwa watu wa kawaida. Silaha iliyoanzishwa dhidi ya maadui wa umma ikawa silaha dhidi ya kila aliyesema tofauti, na mwishowe umma wenyewe ukajifunza kunyamaza. Saint-Just, rafiki wa karibu wa Robespierre, aliandika kwamba mapinduzi yameganda kama barafu. Aliuona ugonjwa, lakini hakusema kwamba yeye na wenzake ndio waliouleta.

Tarehe 23 Julai 1794 wafanyakazi wa Paris walitangaziwa viwango vipya vya mishahara, ambavyo kwa wengi vilikuwa chini ya walichokuwa wakipata. Siku nne baadaye, tarehe 27 Julai, ambayo kwa kalenda ya mapinduzi ni 9 Thermidor, Konvensheni iliamuru Robespierre akamatwe. Halmashauri ya Jiji iliita mitaa ije kumwokoa. Mitaa mingi haikuja. Iliyokuja ilisimama uwanjani na mizinga yake, ikangoja amri ambazo hazikutolewa, na usiku wa manane watu wakarudi majumbani kulala. Kesho yake Robespierre na Saint-Just waliuawa. Wale waliomwangusha mfalme kwa asubuhi moja hawakuona sababu ya kukesha kwa ajili ya serikali iliyowafungia mikutano yao na kuwapunguzia mishahara.

MATAJIRI WARUDI

Waliobaki madarakani walifanya haraka. Tarehe 24 Desemba 1794 kikomo cha bei kilifutwa. Noti za serikali zilipoteza thamani, na Paris ikapata njaa mbaya kuliko ya mwaka 1789. Tarehe 20 Mei 1795 wavujajasho waliivamia Konvensheni wakidai mkate na Katiba ya mwaka 1793, ambayo ilikuwa imepitishwa lakini haikutumika hata siku moja. Safari hii hawakuwa na viongozi wala Halmashauri. Jeshi liliuzingira mtaa wa Saint-Antoine na kuunyang'anya silaha. Katiba mpya ya mwaka 1795 ilirudisha kipimo cha mali, na uchaguzi wa wabunge ukawa mikononi mwa wenye mali wapatao 30,000. Gracchus Babeuf, aliyefundisha kwamba usawa hauwezi kukamilika bila mali kuwa ya wote, alijaribu kuandaa mapinduzi mengine kwa siri. Alikamatwa mwaka 1796 na kuuawa mwezi Mei 1797.

Serikali ya matajiri haikuweza kusimama bila jeshi, na anayeegemea jeshi peke yake humpa jeshi ufunguo wa nyumba. Tarehe 9 Novemba 1799 Jenerali Bonaparte aliuchukua ufunguo huo. Mabepari walipata utulivu na Benki ya Ufaransa. Wafanyakazi walipata, mwaka 1803, kijitabu cha kazi kilichowaweka chini ya macho ya polisi. Mwezi Desemba 1804 Bonaparte alijivika taji, na Paris haikuinuka.

Hata hivyo si kweli kwamba hakuna kilichobaki. Ukoo wa kifalme wa Bourbon ulirudishwa mwaka 1814 na 1815 kwa bunduki za wageni, lakini haukuthubutu kurudisha ushuru wa kikabaila. Kile ambacho wakulima walikichoma kwa mikono yao wenyewe hakikurudi.

WATUMWA WA SAINT-DOMINGUE NA WATU WA PWANI YETU

Haki za Binadamu zilipotangazwa, Ufaransa ilikuwa inatawala Saint-Domingue, kisiwani Karibea, ambako watumwa wapatao nusu milioni walilima miwa na kahawa. Bunge la Paris halikuwaachilia. Waliinuka wenyewe mwezi Agosti 1791. Konvensheni ilifuta utumwa katika makoloni tarehe 4 Februari 1794, lakini kwa Saint-Domingue ilikuwa inaandika katika sheria jambo ambalo watumwa walikuwa wamekwisha kulishinda vitani. Napoleon alipotunga sheria ya kurudisha utumwa mwaka 1802 na kupeleka jeshi, watu hao walilishinda jeshi hilo pia, na tarehe 1 Januari 1804 wakatangaza taifa huru la Haiti.

Hadithi ya pili inatugusa kwa karibu. Miongoni mwa visiwa vya Ufaransa katika Bahari ya Hindi vilikuwamo viwili: Île de France, ambayo leo ni Morisi, na Réunion. Mashamba ya huko yalitumia watumwa, na wengi wao walitolewa Afrika ya Mashariki. Mwaka 1776 Mfaransa mmoja, Morice, alifanya mkataba na Sultani wa Kilwa wa kuuziwa watu 1,000 kila mwaka. Amri ya mwaka 1794 iliwahusu watu hao pia. Lakini wajumbe wa Paris walipofika Île de France mwaka 1796 kuitangaza, wenye mashamba waliwafukuza, na utumwa ukaendelea. Morisi, ikiwa imekwisha kuchukuliwa na Waingereza, uliisha mwaka 1835. Réunion mwaka 1848. Amri ilikuwa moja. Saint-Domingue ilikuta watu waliokwisha kujipanga na kushika silaha. Île de France ilikuta madaraka yote yako mikononi mwa wenye mashamba, nao wakaitupa baharini. Mtu aliyeuzwa Kilwa alikuwa huru kwa sheria ya Paris, akafa akiwa mtumwa.

MAFUNZO KWA KADA

Kwanza, kauli "wananchi wote" isitufanye tusahau kuuliza kuna matabaka gani ndani yake. Mabepari wa Ufaransa walisema kwa jina la taifa zima, na huenda wengi wao waliamini hivyo kwa dhati. Lakini ulipofika wakati wa kugawa ardhi, kura na haki ya kuunda chama, jina lilibaki la taifa na faida ikawa yao.

Pili, tamko si utekelezaji. Usiku wa tarehe 4 Agosti na amri ya tarehe 4 Februari vinatufundisha jambo moja: haki iliyotangazwa hupata uzito kutokana na nguvu iliyojipanga ya wale inayowahusu. Kada anayetosheka na azimio lililopitishwa bila kwenda kijijini kuona limefanya nini amefanya nusu ya kazi.

Tatu, umoja wa mkulima na mfanyakazi haujengwi kwa amri. Ufaransa mji ulilishwa kwa kumnyang'anya mkulima, na mkulima alipokwisha kupata ardhi yake na kuondolewa ushuru hakuona tena sababu ya kumtetea mfanyakazi.

Nne, na hili ni kubwa kuliko yote, uongozi unaofunga vikao vya wananchi kwa kisingizio cha kulinda mapinduzi unajiondolea walinzi. Wajakobini hawakuwa wezi. Robespierre aliishi katika chumba cha kupanga nyumbani kwa seremala, na hata maadui zake walimwita asiyenunulika. Uadilifu wake haukumwokoa, wala haukuwaokoa wananchi. Kiongozi mwadilifu ambaye hasikilizi anaweza kuwaandalia njia wasio waadilifu, kwa sababu anapoanguka hakuna kikao kilichobaki hai cha kuwazuia.

Kwa hiyo tunaposema kwamba chama cha umma kishike hatamu, swali la kwanza la kada si hatamu zimeshikwa kwa nguvu kiasi gani. Swali ni kama mkutano wa tawi unakutana, kama mwanachama wa kawaida anasema humo bila hofu, na kama analolisema linafika juu na kujibiwa. Mitaa 48 ya Paris ilipokuwa na majibu ya ndiyo kwa maswali hayo, ufalme wa zaidi ya miaka elfu moja ulianguka kwa asubuhi moja. Majibu yalipogeuka kuwa hapana, jenerali mmoja alitosha.